Isidori Bura na Filamu ya Ngano

Isidori Bura alizaliwa juu Mbulu, kwenye miteremko ambako kila nyumba ina mahindi yake, maharage yake, na ng'ombe watatu au wanne wa kuswagwa asubuhi. Baba yake alikuwa katekista. Bibi yake mzaa mama alikuwa Mbarabaig wa tambarare za Hanang, aliyeolewa mlimani mwaka mmoja wa njaa, na ndiye aliyemfundisha mjukuu wake namna ya kuwasalimu watu wa ng'ombe. Kwa salamu hizo Isidori alipata kuaminiwa mahali ambapo sisi wengine tungefukuzwa.

Mimi naitwa Yoakimu, mtu wa Gitting. Nilikuwa fundi sauti wake, yeye akiongoza filamu, kwa miaka sita. Nilining'iniza mashine ya kurekodia begani, maikrofoni mkononi, na yeye alisimama karibu na kamera akiwa amekunja mikono. Watu wakitukuta walidhani mpiga picha ndiye mkubwa wetu, maana ndiye mwenye chombo. Isidori hakusumbuka kuwasahihisha. Filamu za ofisi yetu ya serikali hazikuandikwa jina la mtu yeyote mwishoni.

Alianza kazi kwenye gari la sinema. Walizunguka vijijini na jenereta na shuka jeupe, wakionyesha filamu za kilimo cha kisasa na za kuchimba vyoo. Wenzake walitazama shuka. Yeye aliwatazama watu. Aliandika kwenye daftari la shule ni wapi walicheka, wapi akina mama walianza kuongea na wapi wazee waliondoka. Miaka mitatu ya kuandika hivyo ilipoisha alilipeleka daftari kwa mkuu wetu, Mzee Nikolausi, mtu mzito wa maneno, ambaye alilisoma lote na kisha akampeleka ng'ambo mwaka mzima kusoma kazi ya kuongoza filamu. Aliporudi alikuwa na miaka thelathini na moja, mkewe Fabiola alikuwa amejifungua mtoto wa pili bila yeye kuwepo, na sisi wote tulikuwa chini yake.

Alikuwa mzuri. Nasema hivi mapema ili asifikiriwe kuwa mzembe. Angeweza kumfanya mwenyekiti wa kijiji mwenye aibu azungumze kama yuko jikoni kwake. Neno lake lilikuwa moja tu: "Turudie." Alilisema kwa upole, bila kuinua sauti, na watu walirudia mara nne, mara tano, wakidhani ni heshima.

Mwaka 1981 tuliagizwa kutengeneza filamu ya mashamba ya ngano ya serikali kule Hanang. Ilitakiwa iwe tayari kwa sherehe za miaka ishirini ya uhuru, mwezi wa Desemba. Tulifika mwishoni mwa Julai, ngano ikiwa imekauka na kombaini zimeanza kuvuna. Anayeijua nchi ile anajua upepo wake. Nilifunga maikrofoni kwa kipande cha blanketi, na bado nilisikia upepo tu.

Tulipiga picha za kombaini siku nne. Siku ya tano Isidori alisema filamu imekufa.

"Ni mashine tupu," aliniambia. "Hakuna mtu ndani yake. Nani atakaa kutazama mashine dakika ishirini?"

Alitaka mfugaji. Alitaka mzee wa Kibarabaig apite na ng'ombe wake kandokando ya shamba, kombaini ikivuna nyuma yake, watazamaji wauone wakati wa zamani na wakati mpya katika picha moja. Alikwenda kwa meneja wa shamba, na mimi nilikuwepo. Meneja alifikiri kidogo.

"Wapite kwenye njia ya magari," alisema. "Ndani ya ngano wasiingie."

"Hawataingia," Isidori akajibu.

Maandishi hayakuwepo. Siku hizo tulikuwa wageni wa shamba, tunakula mezani kwa meneja, na kumwomba mwenyeji wako karatasi ilikuwa kama kumtukana.

Mzee tuliyempata aliitwa Gidasaida. Boma lake lilikuwa nje kidogo ya mpaka wa shamba, upande wa kwenda Getanuwas. Zamani boma lilikuwa ndani. Trekta zilipokuja alihamishwa, akajenga tena, akahamishwa tena. Alikuwa mrefu, mkimya, amevaa shuka jeusi, na Kiswahili chake kilikuwa kidogo lakini safi. Isidori alimsalimu kama alivyofundishwa na bibi yake. Mzee alimtazama kwa muda mrefu, akamuuliza bibi huyo alikuwa wa ukoo gani, akatajiwa, akatukaribisha maziwa.

Aliposikia tunachotaka alikataa.

"Ng'ombe akikanyaga huko anakamatwa," alisema. "Mwaka jana wamechukua ndama wangu. Mtoto wangu wamempiga fimbo."

"Mzee, leo nimezungumza na meneja mwenyewe. Ni ruhusa. Mimi nitakuwa pale pale."

"Wewe utakuwa pale."

"Nitakuwa pale, mzee."

Alikubali. Kesho yake asubuhi alileta ng'ombe arobaini na kitu. Tuliwapitisha kwenye njia ya magari kama tulivyoahidi, na ikawa picha mbaya. Vumbi liliwafunika, kombaini haikuonekana, mzee alionekana kama mtu anayekimbia moto. Isidori alisimama amekunja mikono. Kisha alitembea hadi kwa mzee, na mimi nikamfuata na mashine yangu ikiwa bado inazunguka, kwa mazoea tu.

"Turudie, mzee. Ila sasa usifuate njia. Katisha hapa, ndani ya ngano, utokee kule kwenye ule mti. Wapeleke polepole."

Mzee Gidasaida alitazama ngano. Ilimfika kiunoni.

"Ndani?"

"Ndani. Kidogo tu. Nitamweleza meneja."

Nilitegemea akatae. Lakini aliuliza swali moja: "Mpaka kwenye ule mti?" Isidori akasema ndiyo, mpaka kwenye ule mti. Mzee akapiga mluzi, ng'ombe wakaingia.

Nimefanya kazi ile miaka mingi, na sijaona tena picha kama ile. Ngano ilifunguka kama maji. Migongo ya ng'ombe ilielea juu yake, mzee katikati na fimbo yake begani, na nyuma kombaini nyekundu ikija ndani ya vumbi la makapi. Karibu na mti mzee alisimama. Aliinama, akang'oa nyasi, akaziweka chini, akakaa hivyo kitambo. Mpiga picha alimwangalia Isidori kuuliza kama azime kamera. Isidori alimwashiria aendelee, lakini alikuwa amekasirika.

"Mbona anasimama?" alinong'ona. "Anakula filamu yangu."

Filamu ilikuwa adimu. Kila dakika ilikuwa imeombewa kibali.

Ng'ombe walipotoka kule ng'ambo, kipande kizima cha shamba kilikuwa kimelala chini. Jioni Isidori alimweleza meneja, ila alimweleza kwa kupunguza. Alisema wachache walipotoka njia. Mezani kulikuwa na mgeni kutoka wizarani, na meneja akageuza mazungumzo. Kesho yake tukaondoka.

Filamu ilisafishwa ng'ambo, ikarudi Oktoba, na Isidori alikaa nayo chumba cha kukatia wiki tatu. Kipande cha mzee kusimama alikiondoa. Kilichelewesha mwendo, alisema. Desemba filamu ilionyeshwa mbele ya wakubwa, na ng'ombe walipoingia katika ngano ukumbi mzima ulipiga makofi. Mzee Nikolausi alimshika Isidori mkono akamwambia ataletewa kamera mpya. Sherehe zile zilipoisha meneja wa shamba aliandika barua kuomba nakala, na ofisi ikampelekea.

Mwezi wa tatu mwaka uliofuata ikaja barua nyingine. Mahakama ilihitaji projekta na mtu wa kuiendesha. Gidasaida alikuwa ameshitakiwa kwa kuingiza mifugo kwa makusudi katika mali ya umma. Boma lake lilikuwa limebaki peke yake upande ule, na shamba lilitaka kupanuka. Ushahidi ulikuwa filamu yetu.

Isidori alisoma barua ile amesimama, akaketi, akaisoma tena. Kisha akaja chumbani kwangu.

"Yoakimu, ile tepu ya siku ya ng'ombe. Sauti yangu imo. Nikimwambia akatishe ndani. Iko wapi?"

Tepu nazo zilikuwa adimu. Filamu ikishakamilika, tulifuta na kurekodi upya. Ndiyo iliyokuwa amri. Juu ya sauti ya Isidori na sauti ya mzee nilikuwa nimerekodi kwaya ya kiwanda cha nguo.

"Nimefuta," nilimwambia. "Januari."

Hakunilaumu. Afadhali angenilaumu. Aliuliza tu kama nina hakika, kisha tukaisikiliza tepu yote, saa nzima ya kwaya, kama vile sauti ingeweza kujificha katikati ya nyimbo. Tukatafuta na vile vipande alivyovikata. Navyo vilikuwa vimekwenda na takataka za ofisi.

Alikwenda kwa mkuu kuomba ruhusa ya kutoa ushahidi. Mlango ulikuwa wazi, tukasikia.

"Filamu ni ya serikali," Mzee Nikolausi alisema. "Shamba ni la serikali. Mahakama ni ya serikali. Sasa wewe, Bura, unataka kwenda kusimama wapi?"

"Pale niliposimama siku ile, mzee. Mimi ndiye niliyemtuma."

"Una watoto wangapi?"

"Wanne."

"Basi rudi mezani kwako."

Isidori alikaa mezani kwake siku mbili. Siku ya tatu alipanda basi.

Mimi nilikuwa nimeshatumwa huko, kuiendesha projekta. Chumba cha mahakama kilikuwa kidogo, madirisha yamezibwa kwa mablanketi ya polisi. Gidasaida alisimama upande mmoja bila viatu, na nyuma yake mdogo wake pamoja na mke wake mkubwa. Hakuna hata mmoja wao aliyekuwa amewahi kuona sinema. Nilipowasha na mzee akajiona akitembea ukutani, hakushtuka. Alisogeza kichwa mbele kidogo, akitazama kwa makini, na ng'ombe walipoufikia mti nilimwona akisubiri kitu. Picha ikaruka. Ng'ombe walikuwa tayari ng'ambo. Alimgeukia mdogo wake akamwambia neno moja kwa Kibarabaig.

Mablanketi yaliposhushwa, Isidori aliinuka kutoka benchi la nyuma akaomba kusema. Hakimu alimruhusu. Alisema yote: meneja alivyotoa ruhusa ya njia ya magari, yeye alivyovuka mpaka wa ruhusa ile, mzee alivyokataa kwanza. Alisema vizuri, bila kigugumizi. Mimi niliyeyasikia yote nilibaki kwenye projekta yangu, nikiiogopea kazi yangu.

"Ruhusa ya meneja iliandikwa?" hakimu aliuliza.

"Haikuandikwa, mheshimiwa."

"Meneja amekwisha kusema hapa kwamba hakuruhusu mfugo wowote. Katika picha hizi tunamwona mshitakiwa, tunawaona ng'ombe, tunaiona ngano. Wewe unaonekana wapi?"

"Sionekani, mheshimiwa. Mwongozaji haonekani."

"Ofisi yako imekutuma?"

"Haikunituma."

Hakimu aliandika. Kisha alimuuliza Gidasaida kama ni kweli mtu huyu alimlazimisha kuingia katika ngano. Sote tulimtazama mzee. Angesema ndiyo, huenda mambo yangegeuka.

"Hakunilazimisha," alisema. "Niliingia."

Alifungwa miezi kumi na minane. Boma lilivunjwa wiki ileile, familia ikasogea upande wa ziwa la chumvi, ambako maji ni ya shida, na kabla ya mvua kuja ng'ombe wao wengi walikufa. Isidori aliachishwa kazi kwa kosa la kutokuwa kazini bila ruhusa. Alirudisha funguo za chumba cha kukatia na koti la ofisi, akamchukua Fabiola na watoto, wakapanda Mbulu kwa baba yake.

Filamu haikuachishwa. Ilizunguka nchi nzima na magari ya sinema.

Mwaka mmoja baadaye nilikuwa likizo nyumbani Gitting, Isidori akanifuata. Alikuwa amekonda, na mikono yake ilikuwa ya mtu wa jembe. Alisema Gidasaida ametolewa gerezani kabla ya siku zake kwa sababu ya kifua, na sasa amelazwa hospitali ya Haydom. Aliniomba twende pamoja. Nadhani aliogopa kwenda peke yake. Mimi pia nilikuwa na deni langu la kwaya, nikakubali.

Basi lilikuwa limejaa wagonjwa. Mama mmoja alimshikilia mtoto mwenye homa njia nzima bila kubadilisha mkono. Tulifika saa nane mchana. Mzee alikuwa kitanda cha mwisho karibu na ukuta, na mdogo wake amechuchumaa sakafuni.

"Shikamoo, mzee," Isidori alisema.

"Marahaba."

Isidori alibaki amesimama. Alikuwa ameandaa maneno. Nilimsikia akiyapanga ndani ya basi. Mzee ndiye aliyeanza.

"Ng'ombe wangu walionekana vizuri."

"Walionekana vizuri sana, mzee."

"Yule mwekundu alitangulia. Amekufa."

"Nimesikia, mzee. Nimekuja kukuambia kwamba kosa ni langu. Nilikuingiza kwa ajili ya picha."

Gidasaida alikohoa muda mrefu. Mdogo wake alimshika mabega mpaka kikohozi kikatulia.

"Sikuingia kwa ajili ya picha yako," alisema. "Baba yangu yuko pale kwenye mti. Tulimzika sisi, tukajenga kaburi lake juu, kubwa. Trekta ikalilaza. Miaka mitatu nilikuwa sijafika, askari wa shamba walikuwa wananirudisha. Uliposema mpaka kwenye mti, nikaenda." Akapumzika. "Niliweka nyasi juu yake, ndiyo heshima yetu. Mahakamani niliangalia, sikuona. Picha yako haikuona?"

"Iliona," Isidori alisema.

"Sasa imekwenda wapi?"

Isidori alinitazama, kisha akatazama sakafu. "Niliikata, mzee. Niliona inachelewesha."

Mzee aligeuka polepole akaelekea ukutani, na baadaye mdogo wake alituonyesha mlango kwa kidevu. Mzee alifariki siku ya nne.

Isidori alipata kazi tena miaka michache baadaye. Mradi mmoja wa afya, wa kanisa, ulihitaji mtu wa kutengeneza filamu fupi za ugonjwa wa macho na kifua kikuu. Alikwenda, lakini hakuwa yule wa zamani. Mgonjwa akikaa vibaya mbele ya kamera, alimwacha. Mama akisahau maneno, alimshukuru na kufunga chombo. Waliomwajiri walilalamika kwamba picha hazieleweki, wakamwomba awaelekeze watu kidogo. Alisema hawezi. Walimvumilia mwaka mmoja na nusu.

Televisheni ilipoanza kule Dar es Salaam, mtu mmoja tuliyefanya naye kazi zamani alimwandikia aje aongoze vipindi. Fabiola alitaka aende; watoto walikuwa wanasoma, na shamba la mlimani halitoshi kaya mbili. Walizozana wiki nzima. Mwishowe Isidori aliandika kukataa, barua ya mistari mitatu, na Fabiola hakuzungumza naye mpaka maharage yalipovunwa. Hilo nimeambiwa na Fabiola mwenyewe.

Kabla ya hapo, mwaka 1986, alifanya jambo ambalo wengi mlimani waliliona la kipumbavu. Alichagua mtamba wake mzuri kuliko wote, akamswaga kwa miguu siku tatu kushuka hadi tambarare, mpaka kwa ukoo wa Gidasaida. Mimi sikuwepo, alinisimulia. Wazee walikaa kutwa wakizungumza, yeye ameketi mbali juani. Hakupewa maziwa. Jioni mdogo wa marehemu alimjia.

"Ng'ombe tumempokea," alisema. "Atakwenda kwa mke wa marehemu."

"Nashukuru, mzee."

"Lakini zile salamu za bibi yako usitusalimu nazo tena. Ukitukuta njiani, pita."

Akapita, kwa miaka minane. Siku za mnada alikutana nao, wanaume wenye mashuka meusi na fimbo zao, naye alisogea kando ya njia, akainamisha kichwa na kunyamaza, mpaka wapite.

Alikufa mwaka 1994 kwa tumbo, nyumbani kwake, akiwa na miaka hamsini. Nilikwenda kuzika. Mvua ilikuwa inanyesha, udongo mwekundu ukitukamata miguu, na padre alisoma haraka. Katekista wa kijiji alipotakiwa ataje kazi ya marehemu, alisema mkulima. Fabiola hakumsahihisha, nami sikumsahihisha.

Tulipokuwa tunafukia niliwaona wanaume wawili wa Kibarabaig, wa ukoo wa Gidasaida, wamesimama nje ya uzio wa migomba. Sijui nani aliwapelekea habari. Kutoka kwao mpaka pale ni safari ndefu. Mtu mmoja alikwenda kuwakaribisha ndani, wakakataa kwa mkono. Walikaa na mvua yao mpaka kaburi lilipojaa, kisha wakashuka na njia bila kusema na mtu.